Shule ya Kulinganishia

Shuleni, 9 Februari

Mwanangu Maswali,

Marahaba, maana najua ungekuwa mbele yangu ungekwisha kuniamkia. Sisi huku tu wazima. Baba yako goti bado linamsumbua, ila ubishi haujampungua. Daktari kamkataza kupanda ngazi, na juzi nimemkuta juu ya paa langu akigongelea bati. Eti hakupanda ngazi, alipanda meza iliyowekwa juu ya meza. Nilimwita kwa jina lake la utotoni, akashuka mbio. Mkeo hajambo? Mwambie kile kitambaa cha meza alichonishonea kila mgeni anakisifu. Wengine wanadhani nimekishona mwenyewe, na mimi siwakatizi.

Najua una simu, na mimi ninayo. Lakini mtu akisema kwenye simu halafu akakana, utamshika wapi? Karatasi haikani.

Jambo lenyewe ni hili. Watu wa ofisi yenu walikuja tena Jumanne, wapimaji wawili na vishikwambi vyao. Waliketi kwenye chumba cha walimu, wakaita watoto wa darasa la tatu mmoja mmoja. Kila mtoto alipewa hadithi ya mbuzi asome kwa dakika moja, wao wakahesabu maneno. Mimi nilisimama nyuma ya kabati nikajifanya natafuta rejista, na kila alichosoma mtoto nikakiandika kwa chaki mgongoni mwa mlango wa kabati. Watoto arobaini na mmoja. Wastani, maneno kumi na nane. Na kumi na mmoja kati yao hawakusoma hata neno moja. Hata “mbuzi”, na picha yake ipo pale juu.

Nimefundisha miaka thelathini na mmoja. Nilijua wapo wasiojua, ila sikuwahi kuwahesabu. Jioni niliketi peke yangu mbele ya lile kabati, nikaona haya.

Sasa, mwanangu, hii ni mara ya tatu mnatupima. Shule ya ng'ambo ya mto wamepewa makabati mawili ya vitabu na walimu wao wamepelekwa mafunzo. Sisi tumepewa asante. Wewe ndiye mtathmini wa mradi. Zamu yetu ni lini? Asiyeuliza hanalo ajifunzalo, na hilo jina la Maswali nilikupa mimi.

Shangazi yako

Mjini, 3 Machi

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Barua yako ilitufikia tukiwa wazima, na tulicheka sana hiyo habari ya paa. Mdogo ameng'oka meno mawili ya mbele, sasa hataki kucheka mbele ya watu. Mkubwa amekuwa mrefu kuliko mama yake na amelifanya hilo kuwa jambo la kutangaza kila asubuhi. Mke wangu anashukuru kwa sifa za kitambaa.

Kuhusu vitabu, Shangazi, mradi una awamu zake. Kuna vigezo, kuna ratiba, na kuna mambo mengi yanayotegemea matokeo ya awali. Kwa sasa naomba uvute subira. Nikipata la kusema nitakuandikia mara moja.

Msalimie sana baba, mwambie meza si ya kupandia.

Mwanao, Maswali

Shuleni, 21 Machi

Mwanangu,

Marahaba. Hapa hatujambo. Baba yako sasa ana fimbo, anaitumia zaidi kuelekezea watu kuliko kutembelea.

Nakurudishia barua yako ndani ya hii. Usishtushwe na wino mwekundu, ndio uliokuwa karibu. Nimeandika chini: Mwandiko mzuri. Salamu nzuri. Swali halijajibiwa. Nne kwa kumi.

Wakati wewe unatafuta la kusema, sisi tumeanza. Niliwaza hivi: kama kupima ni saa, karatasi na mtoto, hivyo vyote ninavyo. Kila Ijumaa tunawapima darasa la tatu wenyewe. Mlinzi wetu, tunamwita Meja ingawa jeshi alilipitia kwa nje ya uzio tu, ndiye mshika saa. Anapuliza kipenga, mtoto anasoma, anapuliza tena, tunaandika. Anaifanya kazi hiyo kwa ukali mpaka walimu nao wananyooka.

Vitabu hatuna, lakini maandishi yako tele. Tunasoma mifuko ya saruji, maboksi ya dawa, magazeti yaliyofungia sabuni, na kopo la rangi lililobaki tulipopaka ofisi. Nyuma ya kalenda za zamani ninaandika hadithi mwenyewe. Anayejua kidogo anamkalisha asiyejua kabisa. Wale kumi na mmoja wanakuja kwangu nusu saa kabla ya kengele.

Nasubiri jibu, si salamu.

Shangazi yako

Mjini, 4 Mei

Shangazi,

Shikamoo. Huku wote wazima. Nimechelewa na sina kisingizio. Barua yako imekaa mezani kwangu zaidi ya mwezi, nikiifunika kwa makaratasi mengine na kuifunua tena.

Nitasema. Shule yako haiko kwenye foleni ya vitabu. Haijawahi kuwa. Shule yako ni shule ya kulinganishia.

Maana yake ni hii. Tukiwapa vitabu watoto wa shule ishirini na wakasoma vizuri zaidi, nitajuaje kwamba ni vitabu? Pengine ni kwamba wamekua tu, au kumekuja mwalimu mzuri. Basi tunachukua shule nyingine sita zinazofanana na hizo, hatuzipi chochote, tunazipima tu. Tofauti kati ya zile ishirini na hizi sita ndiyo kazi halisi ya mradi. Bila hivyo tungekuwa tunajisifia tu. Mimi naiamini njia hii, Shangazi, hata sasa.

Majina yalitiwa kwenye boksi na kuchotwa. Jina la shule yako nililichota kwa mkono wangu. Nililishika, nikatamani kulirudisha, sikulirudisha. Wala sikumwambia mtu kwamba mwalimu mkuu wa pale ni shangazi yangu. Na wanaolinganishiwa hawatakiwi kujua, kwa sababu mtu akijua hubadilika.

Nina ombi, na ninaliandika kwa aibu. Zile Ijumaa zisimamishe mpaka tupime mwezi wa Oktoba. Baada ya hapo fanya utakavyo.

Mwanao, Maswali

Shuleni, 29 Mei

Maswali,

Shikamoo yako nimeiona. Nitaiitikia siku nyingine.

Unaniomba mimi, mwalimu, nisifundishe mpaka Oktoba, ili mradi wenu upendeze. Watoto wangu wabaki gizani, taa yenu ionekane inawaka.

Ulipokuwa darasa la tatu hukujua kusoma hata jina lako. Umesahau? Ulikuwa unasikiliza wenzako, unakariri ukurasa mzima, na baba yako akatangaza kwa majirani kwamba ana mtoto mwenye akili za ajabu. Mimi ndiye niliyekigeuza kitabu juu chini mkononi mwako, na wewe ukaendelea kusoma bila kusita. Sikukusema kwa mtu. Miezi minne tuliketi kwenye ngazi ya nyuma ya jikoni, kila siku, mpaka ukasoma.

Nilikulinganisha na nani?

Ijumaa zinaendelea.

Shangazi

Mjini, 10 Juni

Shangazi,

Shikamoo. Lile ombi la mwisho wa barua yangu lifute. Sikustahili kuliandika, na wewe hukustahili kulisoma.

Sijasahau ngazi ya jikoni. Nadhani ndiyo iliyonifanya nikae mwezi mzima bila kujibu.

Wanangu wamemaliza vitabu vyao vya zamani, viko boksi zima. Ukisema tu, vitakufikia wiki ijayo. Endelea na Ijumaa zako.

Mwanao, Maswali

Shuleni, 15 Septemba

Maswali,

Tu wazima. Shikamoo zako mbili ziko kabatini, haziharibiki. Baba yako amepasuliwa goti na limepona vizuri, jambo ambalo limetuletea matatizo mapya, kwani sasa anafika kila mahali.

Vitabu usitume. Usitume hata penseli. Tumefika hapa kwa mikono yetu, sitaki kesho mtu aseme ni kwa sababu mwalimu ana mtoto wa ndugu ofisini.

Kati ya wale kumi na mmoja, saba sasa wanasoma. Wamebaki wanne. Kuna binti mmoja tunamwita Kimya, huyo ndiye wa mwisho kabisa. Herufi anazijua, ila akiziona zimekaa pamoja anaziogopa. Nimemhamishia mbele. Nitamsomesha, hata kama itabidi nistaafu naye.

Meja naye aliomba apimwe. Akasoma maneno ishirini na mawili, akakataa matokeo, akasema kipenga kilipulizwa mapema. Aliyekipuliza ni yeye. Tangu hapo kopo la rangi linalala kibandani kwake.

Wastani wetu Ijumaa iliyopita ulikuwa thelathini na moja. Nilitamani ningekuwa na sauti ya kufika ng'ambo ya mto.

Waje tu hao wapimaji wako.

Shangazi

Mjini, 6 Novemba

Shangazi,

Shikamoo. Nyumbani wote wazima, na meno ya mdogo yameota, ameanza tena kucheka.

Matokeo yametoka. Shule ishirini zenye vitabu zilianza na maneno kumi na tisa kwa dakika, sasa ni thelathini na nne. Shule tano za kulinganishia zilianza na kumi na nane, sasa ni ishirini na mbili. Ya sita ni yako. Ilianza na kumi na nane, sasa ni thelathini na saba. Bila kitabu hata kimoja. Nilisimama dirishani nikacheka peke yangu, wenzangu wakauliza kuna nini.

Mkuu wangu hakucheka. Anataka shule yako iondolewe kwenye jedwali. Anasema ni doa. Ikiondolewa, mradi unang'aa na kila mtu anakwenda nyumbani. Ila na watoto wako wanafutika, na Ijumaa zote zile zinakuwa hazikuwahi kuwapo.

Mimi nataka ibaki, na ukurasa wa ripoti uandikwe juu ya mlivyofanya, ili wengine waige. Lakini siwezi kuitetea nusunusu. Itabidi niseme kwamba wewe ni shangazi yangu, na kwamba nilikufichulia siri ya kulinganishia. Huenda wakaniondoa. Nimeshaamua, sirudi nyuma.

Kabla sijaingia kwa mkuu, nina swali moja tu. Darasa lako lina watoto arobaini na mmoja. Fomu zilizojazwa ni thelathini na saba. Wanne walikuwa wapi?

Mwanao, Maswali

Shuleni, 12 Novemba

Mwanangu mpenzi,

Natumaini hamjambo nyote, wakubwa kwa wadogo. Sisi huku hatujambo kabisa. Baba yako anakusalimu, majirani wanakusalimu, walimu wote wanakusalimu, hata Meja anakusalimu. Hali ya hewa si mbaya. Paa halivuji. Nimefurahi sana kusikia kuhusu meno ya mdogo, meno ni kitu muhimu.

Kuhusu hao watoto, unajua tena watoto walivyo. Kuna mafua, kuna kazi za nyumbani, kuna mambo mengi yanayotegemea wazazi. La msingi ni hiyo thelathini na saba. Hongera kwa kazi nzuri.

Shangazi yako akupendaye

Mjini, 17 Novemba

Shangazi,

Shikamoo. Nakurudishia barua yako. Kalamu nyekundu sikuwa nayo, nimeinunua jana.

Mwandiko mzuri. Salamu nzuri. Swali halijajibiwa. Nne kwa kumi.

Naingia kwa mkuu tarehe ishirini na saba.

Mwanao, Maswali

Shuleni, 21 Novemba

Maswali,

Shikamoo yako siiitikii leo pia. Safari hii ni kwa sababu sistahili.

Walikuwa bustanini. Asubuhi ile, kabla wapimaji hawajafika, niliwapa majembe wale wanne wasiojua bado, nikawaambia wapalilie mpaka niwaite. Sikuwaita. Wapimaji walipita kando yao wakiingia, wakasalimiana nao vizuri. Kimya ndiye aliyeshika jembe wa kwanza. Hakuuliza kwa nini. Angeuliza, nadhani ningeshindwa.

Nilikuwa nawaza ng'ambo ya mto. Nilitaka tuwazidi, si tuwafikie. Nilikutukana kwamba unawaacha watoto gizani ili kazi yako ipendeze, kumbe na mimi nikawaficha nyuma ya shule kwa sababu hiyohiyo. Na barua yako ilipokuja na swali lile, nilikujibu kama ofisi. Mficha maradhi, kifo humuumbua. Nimewafundisha watu methali hiyo miaka thelathini na mmoja.

Sasa sikiliza. Mtume mpimaji. Asiwe wewe, na asiwe mtu wa kunionea haya. Awapime wale wanne. Na kwenye ripoti usiandike “shule iliwaficha”. Shule haina mikono. Andika mwalimu mkuu.

Nimewaomba radhi watoto wale mmoja mmoja. Watatu walisema haidhuru. Kimya hakusema kitu, ila leo alikuja dakika kumi kabla ya wenzake.

Shangazi

Mjini, 9 Desemba

Shangazi,

Shikamoo. Tu wazima, na nina mengi.

Nilimweleza mkuu yote: undugu, siri, na majembe. Alivua miwani, akaniuliza kama kuna kingine katika ukoo wetu anachopaswa kujua. Kisha akamtuma mama mmoja wa takwimu, yule asiyecheka. Najua ulimwona. Aliporudi aliniambia shangazi yangu alimkalisha kwenye kiti kizuri na hakumpa hata neno la kumlainisha.

Wanne wale wamesoma hivi: kumi na moja, nane, sita, na sifuri. Nikawajumlisha na wenzao thelathini na saba, nikagawa. Wastani wako umeshuka kutoka thelathini na saba hadi thelathini na nne. Nilirudia hesabu mara tatu. Ni sawasawa na shule zenye vitabu, hamkuwazidi hata kwa neno moja. Mmewafikia.

Shule yako inabaki kwenye ripoti. Nakuambatishia ukurasa wa arobaini na sita, umeeleza Ijumaa, kipenga, mifuko ya saruji na kopo la rangi. Chini yake nimeandika kwamba wanne walipimwa wiki tano baada ya wenzao, kwamba mwalimu mkuu aliwaficha, na kwamba aliyesema ni yeye mwenyewe. Nimependekeza pia shule zote sita zipewe vitabu mwakani. Bado sijajibiwa, na sitaacha kuuliza.

Jina langu halitakuwa kwenye jalada. Kuanzia Januari nimehamishiwa mradi wa vyoo, nitakuwa nahesabu vyoo. Mke wangu alicheka mpaka akakaa chini, halafu akanishika mkono, akasema heri hivyo. Mimi pia nasema heri hivyo.

Ile sifuri ni ya Kimya. Nimeiandika ilivyo.

Mwanao, Maswali

Shuleni, 18 Desemba

Mwanangu Maswali,

Hatujambo. Baba yako amesikia habari ya vyoo na tayari ana mawazo, jiandae. Mwambie mkeo kwamba sasa kila mgeni akisifu kitambaa namtaja mshonaji, hata asipouliza.

Nakurudishia ukurasa wa arobaini na sita. Nimeusoma taratibu, pale penye majembe nikaumia, kisha nikaona umeandika haki. Wino mwekundu umegusa mahali pamoja tu.

Shule imefungwa, ila kwa Kimya haijafungwa. Anakuja kila asubuhi, tunaketi kibandani kwa Meja. Jumatatu nilimwekea kopo la rangi mbele yake. Meja akapuliza. Kimya akaliangalia kopo muda mrefu, nami nikaanza kutafuta la kumfariji. Kisha akasema, kwa sauti ambayo sijawahi kuisikia darasani: “Koroga.” Akasogeza kidole. “Kabla. Ya.” Kipenga kikalia. Meja mpaka leo anajilaumu, anasema angemwacha amalizie. Nimemwambia dakika ni dakika.

Ile sifuri sijaifuta, maana siku ile ndiyo iliyokuwa kweli. Pembeni yake nimeandika: Sasa tatu. Njoo upime.

Ukija, pitia mlango wa nyuma wa jikoni. Ngazi ile bado ipo, na mwakani nitakuwa nayo nafasi tele ya kuikalia, kwani Juni nastaafu. Nilikuwa nimekuficha na hilo.

Halafu nimefungua kabati. Shikamoo zako nimezihesabu, ziko tano tangu mwezi wa Mei.

Marahaba, mwanangu. Kwa zote tano.

Shangazi yako